Sinki chini ya meza ya formika: kila kitu kiko kwenye mkato

Mu Masisi na Walikale tuko wengi tuliomaliza chuo na hatungoji tena kazi ya ofisi. Huyu anafungua resto, yule anatafuta chumba cha kupokelea maziwa na kufanya fromaji. Wote wanahitaji meza safi na sinki. Njo maana wengine wananiuliza: ile sinki inayofungwa kwa chini ya meza, inawezekana ku meza ya formika? Inawezekana, lakini kuko sharti.

Tuanze na faida. Sinki inayokaa juu ya meza iko na ukingo. Maziwa yakimwagika yanaingia pembeni ya ule ukingo, yanachacha, vijidudu vinapata nyumba. Sinki ya chini haina ukingo juu: unapitisha kitambaa na uchafu wote unashuka ndani. Kwa mtu wa fromaji, hilo si jambo la urembo tu.

Shida iko ndani ya ubao. Formika ilianza Marekani: Daniel O'Conor na Herbert Faber waliitafuta ichukue nafasi ya mika ku vyombo vya umeme, wakafungua kampuni yao Cincinnati mwaka 1913. Ni karatasi nyingi zilizoloweshwa dawa ya gundi na kubanwa kwa moto. Maji hayaipiti. Lakini yenyewe ni ngozi tu, haifiki hata milimita 2. Chini yake, mara nyingi kuko ubao wa maranda na vumbi la msumeno vilivyogandishwa kwa gundi.

Sisi wa agronomia tunajua: nyuzi za mti zinakunywa maji na kuvimba. Mbao nzima ikikauka inarudi karibu na unene wake. Ubao wa maranda haurudi, juu gundi imeshaachia. Sasa, sinki ya juu inafunika mkato wa ubao kwa ukingo wake. Sinki ya chini inauacha wazi, na kila siku unalowa. Kwa sababu hiyo watengenezaji wengi hawashauri kufunga sinki ya kawaida namna hii. Ukiamua, fuata hatua hizi.

Kwanza, chagua sinki nyepesi ya chuma kisichoshika kutu, yenye ukingo mpana na bapa. Chora umbo lake ku karatoni, ulikate, kisha ulipige juu ya meza. Acha angalau sentimita 6 upande wa mbele, ubao usivunjike.

Pili, bandika skochi juu ya mstari, formika isimeguke. Toboa tundu kwenye kila kona, halafu kata kwa mashine yenye meno madogo. Mwenzako ashike kipande kwa chini kisidondoke na kupasua meza. Lainisha kwa msasa.

Tatu, na hapa njo penyewe: ziba mkato. Tumia gundi ya epoksi, ile ya vyupa viwili inayochanganywa. Paka, ngoja ikauke, paka tena, mpaka usione tundu hata moja. Paka pia upande wa chini ya meza, sentimita 10 kuzunguka shimo. Kwetu mvua inanyesha karibu mwaka mzima, kwa hiyo usiharakishe kukausha.

Nne, usiamini gundi peke yake kubeba. Sinki ya sentimita 40 kwa 35, kina 18, ikijaa inabeba lita 25 za maji, ni kusema kilo 25, bado masufuria. Weka vipande viwili vya mbao ngumu chini ya ukingo wa sinki, uvikaze ku mbavu za kabati. Ukipiga skrubu ku meza yenyewe, pima: ubao wa milimita 18 unataka skrubu ya 15, ikizidi inatoboa formika.

Tano, zungusha silikoni juu ya ukingo bila kukata mstari, pandisha sinki, kaza, panguza inayotoka. Ngoja saa 24. Halafu funga sifoni, jaza maji, tandika karatasi kavu chini, ulale. Asubuhi karatasi ikiwa imelowa, tafuta tundu kabla ya kuanza kazi.

Na kama epoksi haipatikani, au franga ni za kuazima? Weka sinki ya juu, na silikoni chini ya ukingo wake. Utapanguza zaidi kila jioni, lakini meza itadumu. Ubao ukivimba, unanunua mwingine Goma na kuupandisha ku barabara hizi tunazozijua, na siku zote hizo maziwa ya watu hayana mahali pa kupokelewa.