Bibimbap: wali wa Kikorea unaoweza kuupika jikoni kwako

Kama una kijana anayesoma hapa Marekani, huenda jina la bibimbap limefika nyumbani kwako kabla ya chakula chenyewe. Amekionja kwa rafiki yake, au amekiona kwenye simu, na sasa anaomba mwende mkale. Mnafika mgahawani, mnaletewa bakuli la wali, mboga, nyama kidogo na yai juu yake. Unaangalia bei, unaizidisha kwa watu sita, unanyamaza. Na kama familia yenu inatumia kadi ya SNAP, hapo haikusaidii, kwa sababu kadi hiyo hailipii chakula cha moto kilichokwisha kupikwa.

Lakini tazama tena lile bakuli. Wali unaujua. Mboga za majani unazijua, karoti unaijua, nyama ya kusaga na yai hali kadhalika. Vitu vigeni ni viwili tu: lile rojo jekundu la pilipili, na mafuta ya ufuta. Vyote viwili vinauzwa katika maduka ya vyakula ya Waasia, na siku hizi hata katika maduka makubwa ya kawaida, na kadi ya SNAP huvilipia kama inavyolipia mchele.

Kwa Kikorea, bibim ni kuchanganya na bap ni wali. Neno bap lina uzito kwao. Mkorea akitaka kukujulia hali anaweza kukuuliza kama umekula bap, na hapo anaulizia chakula chote, si wali peke yake. Wewe unayesema hujala mpaka umeona ugali, utawaelewa upesi.

Kuhusu asili yake, Wakorea wenyewe wana maelezo zaidi ya moja. Wapo wasemao ilitoka kwa wakulima waliochanganya vyakula vyao katika bakuli moja shambani. Wengine husema ilitokana na vyakula vya ibada za kuwakumbuka mababu, ambavyo viligawanywa kwa jamaa na kuchanganywa baada ya ibada. Na wengine, kwamba watu walimaliza mabaki ya jikoni usiku wa kuamkia mwaka mpya. Maelezo yote matatu yanakutana mahali pamoja: hiki ni chakula cha kutumia kilichopo. Mji unaosifika zaidi kwa bibimbap ni Jeonju, kusini-magharibi mwa Korea Kusini, ambao mwaka 2012 UNESCO iliuingiza katika orodha yake ya miji ya mapishi. Huko hawakosi kuweka machipukizi ya soya. Katika mji wa Jinju huweka nyama mbichi ya ng'ombe juu ya wali. Hiyo nakuomba uwaachie wapishi wa Jinju.

Rojo la pilipili na kibandiko chake

Linaitwa gochujang. Hutengenezwa kwa unga wa pilipili nyekundu, mchele wa kunata, soya iliyochachushwa na chumvi, na kwa desturi ya zamani huachwa miezi mingi katika mitungi mikubwa ya udongo nje ya nyumba. Matokeo yake ni rojo zito lenye ukali, utamu na chumvi kwa pamoja. Linafanana sana na nyanya ya kopo. Mimi mara ya kwanza nililitia vijiko vitano katika maharage nikidhani nimepata nyanya za bei nafuu, na jioni ile watoto wangu walikula mkate.

Kabla hujalinunua, geuza kopo usome kibandiko. Mara nyingi maandishi ni ya Kikorea, na ya Kiingereza yamebandikwa kando kwa herufi ndogo. Tafuta maneno haya. La kwanza ni "alcohol". Viwanda vingi hutia kiasi kidogo cha pombe ili rojo lisiendelee kuchacha ndani ya kopo. Kwa familia za Kiislamu, na kwa Wakristo wasiogusa pombe kabisa, hilo si jambo dogo. Yapo makopo yasiyo na pombe, na mengine yana alama ya halali; ukikosa yote, endelea kusoma, kuna njia nyingine. Chupa ya mchuzi wa soya nayo isome, maana wengine hutia pombe humo vilevile.

Neno la pili ni "wheat", yaani ngano, na la tatu ni "soy". Mwenye mzio wa soya, gochujang haimfai kabisa. Mwenye mzio wa ngano atafute kopo lisilo nayo, na akumbuke kwamba mchuzi wa soya wa kawaida nao una ngano. La nne ni "sesame", yaani ufuta. Tangu Januari 2023 sheria ya Marekani inataka ufuta utajwe wazi kwenye chakula kilichofungashwa, kama karanga na maziwa. Watoto wengi hugunduliwa mzio wao baada ya kufika hapa, kwa hiyo kama umekuja na karatasi ya daktari nyumbani, ipitie kwanza kabla ya kwenda dukani.

Ukikosa gochujang inayokufaa, changanya vijiko viwili vya unga wa pilipili isiyo kali sana, vijiko viwili vya mchuzi wa soya, kijiko kimoja cha asali au sukari, kijiko cha chai cha siki na kitunguu saumu kimoja kilichopondwa. Mkorea ataijua tofauti. Kijana wako huenda asiijue.

Mafuta ya ufuta yanayotakiwa ni yale ya rangi ya kahawia, yaliyokamuliwa kutoka ufuta uliokaangwa. Chupa ndogo inatosha miezi, kwa sababu haya ni ya harufu, si ya kukaangia. Ukiyaweka kwenye moto mkali yanaungua na kuwa machungu, na kengele ya moshi italia. Fungua dirisha, washa feni ya jiko. Usitoe betri ya kengele.

Kupika

Kwa watu sita tayarisha vikombe vitatu vya mchele wa punje fupi, ule unaoshikana. Mchele mrefu tuliouzoea unaliwa pia, ila hautashika mchuzi vizuri. Utahitaji pia paundi moja ya nyama ya kusaga, mafungu mawili ya spinachi, karoti tatu, zukini mbili, mfuko mmoja wa machipukizi ya soya na mayai sita. Lengalenga, yaani mchicha, inaweza kuchukua nafasi ya spinachi bila shida. Sombe usiweke, ni tamu, lakini ina mchuzi na mawese, na wali utalowa.

Osha mchele mpaka maji yakaribie kuwa meupe safi, uloweke nusu saa, uumwage maji, kisha uupike kwa vikombe vitatu vya maji na kidogo juu yake. Ukichemka, funika, punguza moto, ngoja dakika kumi na tano, zima na uuache umefunikwa dakika kumi. Usitie mafuta, usitie chumvi, usitie nazi. Najua mkono utawasha. Chumvi yote iko katika mboga na mchuzi, na wali wenyewe unatakiwa kuwa mweupe na mtulivu.

Sasa mboga, na hapa ndipo kuna somo jipya kwa wengi wetu. Tumezoea kupika mboga pamoja katika sufuria moja, mpaka zilainike na kuoana. Wakorea hupika kila mboga peke yake, kwa muda mfupi, na kila moja huungwa kivyake. Kazi inaonekana kubwa, lakini ni kikaangio kimoja kinachofutwa kati ya mboga na mboga. Mwenye watoto wakubwa awape kazi ya kukata. Karoti na zukini zinatakiwa ziwe nyembamba kama njiti za kiberiti.

Spinachi itumbukize katika maji yanayochemka kwa nusu dakika tu, itoe, itie katika maji baridi, kisha ikamue kwa mikono miwili mpaka maji yaishe. Lengalenga ipe dakika mbili au tatu. Ichanganye na chumvi, kitunguu saumu kidogo na kijiko cha chai cha mafuta ya ufuta. Machipukizi ya soya yachemshe dakika sita hivi katika maji yenye chumvi. Wapishi wa Kikorea hukuonya kwamba ukianza na mfuniko usiufunue katikati, la sivyo yanatoa harufu ya ubichi. Uyaunge vilevile kama spinachi. Usiwape watoto, wajawazito wala wazee machipukizi mabichi, kwa sababu mbegu huchipua katika joto na unyevu ambao vijidudu navyo huupenda. Karoti ikaange dakika mbili kwa mafuta ya kawaida na chumvi. Zukini inyunyizie chumvi, iache dakika kumi, ikamue, kisha ikaange.

Nyama ichanganye na vijiko vitatu vya mchuzi wa soya, kijiko cha sukari, vitunguu saumu vitatu vilivyopondwa na kijiko cha mafuta ya ufuta, kisha ikaange mpaka ikauke. Mwisho kaanga mayai bila kuyageuza. Kawaida kiini huachwa laini ili kiwe sehemu ya mchuzi, lakini cha watoto wadogo na mjamzito kiache kiive kabisa.

Mchuzi hauendi jikoni. Koroga vijiko sita vya gochujang na vijiko viwili vya mafuta ya ufuta, viwili vya sukari, viwili vya maji na kimoja cha siki.

Mezani

Weka wali katika kila bakuli, panga mboga juu yake, kila rangi upande wake, nyama pembeni na yai katikati. Mpangilio huo una maana kwao: nyeupe, nyeusi, kijani, nyekundu na njano ni rangi tano ambazo tangu zamani huhesabiwa kuwa kamili. Ukikosa nyeusi, uyoga uliokaangwa unasaidia. Kisha mtu anaharibu pambo lote kwa kijiko. Ndiyo, kijiko: bibimbap hailiwi kwa vijiti, kwa hiyo bibi asiogope.

Usimtilie mtu mchuzi. Uweke katikati ya meza, kila mmoja achote wake. Aliyezoea pilipili ya kichaa atatia vijiko viwili na kulalamika kwamba haiwashi, na mdogo wa miaka minne atapewa matone ya mchuzi wa soya na mafuta ya ufuta, kama Wakorea wanavyowafanyia watoto wao. Hiyo ndiyo sababu moja inayonifanya nikipende chakula hiki katika nyumba yenye watu wa umri tofauti: sufuria ni moja, na hakuna anayepikiwa chake.

Migahawani hukiita dolsot bibimbap kinapoletwa katika bakuli la jiwe la moto, wali ukilia chini. Bakuli hilo halihitajiki. Chukua kikaangio kizito cha chuma, kipake mafuta ya ufuta, tandaza wali uliokwisha kuiva, ubonyeze kwa mwiko, panga mboga na nyama juu na uache kwenye moto wa wastani dakika tano hivi mpaka usikie unalialia. Chini utapata ukoko. Wakorea wanauita nurungji, na wakati mwingine huumwagia maji ya moto wakanywa baada ya chakula. Kwangu haujawahi kubaki wa kumwagiwa maji.

Ukibaki wali, usiulaze juu ya jiko mpaka asubuhi kama tulivyozoea. Kuna vijidudu katika mchele visivyokufa kwa kuchemshwa, na wali ukikaa katika joto la nyumba vinaamka na kutoa sumu isiyoondoka hata ukiupasha upya. Uingize katika friji kabla ya saa mbili kupita, katika chombo kifupi ili upoe haraka, na upashe mpaka utoe moshi. Mboga weka kila moja katika kopo lake, nazo zitakaa siku tatu. Kesho yake jioni, ukirudi kazini umechoka, kilichobaki kupikwa ni mayai tu.