Tumngoje Kasisi?

Mara nyingi mgonjwa hulala akitamani kuombewa, na majirani Wakristo wameketi papo hapo kando ya kitanda wakisema, "Tumngoje kasisi." Naye kasisi ana makanisa saba na pikipiki moja!

Mwaka 1520 Martin Luther aliwaandikia wakuu wa Ujerumani juu ya jambo hili. Alitoa mfano wa Wakristo wachache waliotekwa na kuachwa jangwani, wala kati yao hapana aliyewekewa mikono na askofu. Wakimchagua mmoja wao abatize, ahubiri na kutangaza msamaha, Luther asema huyo ni kasisi kweli kweli, kana kwamba maaskofu wote wamemweka wakfu. Kwa maana kila aliyebatizwa ni kuhani, kama Petro afundishavyo katika Waraka wake wa kwanza, sura ya 2. Fundi viatu yumo, na mkulima yumo.

Basi makasisi ni wa nini? Angalieni, mtu yule wa jangwani alichaguliwa, hakujichagua. Kilicho cha wote, mmoja asijitwalie. Kwa hiyo Ungamo la Augsburg la mwaka 1530, kifungu cha 14, lakataza mtu kufundisha hadharani kanisani au kutoa sakramenti pasipo kuitwa kwa utaratibu. Kifungu cha 23 chetu sisi Waanglikana chasema karibu vivyo hivyo.

Lakini kumwombea jirani, na kumwambia mwenye kutubu kwamba Kristo amemsamehe, hayo hayangoji pikipiki yangu. Mshikeni mkono, mwanze. Nikifika nitaitikia Amina pamoja nanyi.