Utabiri si ramli: Nairuzi, Kilimia na mvua ya kesho

Alasiri ya Alkhamisi, Mei 2, 2024, nilikuwa nimeketi barazani, nje ya msikiti wa kijiji kimoja cha kusini mwa Unguja. Redio ilikuwa imekwisha kutangaza kwamba upo mgandamizo mdogo wa hewa baharini, mashariki ya Mtwara, na kwamba huenda ukageuka kimbunga. Maalim mmoja, mtu wa kisomo na heshima, alitikisa kichwa. "Hawa watu wa utabiri," alisema, "wamebisha mlango usio wao. Mvua ni katika ghaibu. Nani aijuaye kesho?" Kando yake aliketi nahodha mstaafu ambaye amevuka mkondo wa Pemba mara zisizo na idadi. Hakumjibu. Alimwita mjukuu wake na kumwambia: "Waambie wenzako waipandishe ngalawa hadi kwenye minazi, na mashua ya ami yako vilevile."

Tulipoachana na baraza nilimuuliza sababu ya kunyamaza kwake. "Maalim ni mkubwa wangu kwa elimu, mwanangu," alinijibu. "Nami sikudai kuijua kesho. Nimemwambia kijana apandishe ngalawa tu."

Maneno ya Maalim si ya kupuuzwa, kwa kuwa wengi huyasema, na baadhi yao huyafanya kuwa sababu ya kutoisikiliza redio. Nadhani sehemu ya tatizo ni neno lenyewe. Katika Kiswahili cha leo, anayepiga ramli hutabiri, na mtaalamu wa hali ya hewa naye hutabiri. Lakini asili ya neno hili ni Kiarabu, taabiri, yaani kuifasiri ndoto. Mfalme wa Misri alipowataka wakuu wake wamfasirie ndoto yake ya ng'ombe saba wanene na saba waliokonda, kitenzi kilichotumika katika Sura Yusuf ni cha mzizi huohuo. Nabii Yusuf (AS) alimfasiria, na hapohapo akafungamanisha tafsiri na kazi: limeni miaka saba mfululizo, na mavuno yaacheni katika mashuke yake isipokuwa kidogo mtakachokula. Bila shaka tafsiri ya Nabii ilikuwa elimu aliyofunzwa na Mola wake, na mtu wa kituo cha hali ya hewa hana daraja hiyo. Ninaloliangalia mimi ni lile ghala.

Suala hili si geni kwa wanazuoni. Waarabu wa kale walihesabu misimu kwa kuchwa na kuchomoza kwa makundi ya nyota, wakaiita elimu hiyo anwaa. Mtume (SAW) aliikemea kauli ya wenye kudai kuwa wamenyeshewa na nyota fulani, kwa kuwa mvua ni fadhila ya Mwenyezi Mungu. Hata hivyo, Ibn Qutayba, aliyefariki mwaka 889, aliandika kitabu kizima cha anwaa, na wengine wakafuata. Wanazuoni walitofautisha kati ya kuamini kuwa nyota ndiyo iletayo mvua na kuitumia nyota kama alama ya wakati. Mkulima wa pwani yetu alisimama upande huo wa pili. Nyota zake aliziita Kilimia, jina linalotokana na kulima, na husema mpaka leo kwamba Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, na kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Kilimia, ambacho Waarabu wakiita Thurayya, hupotea katika mwanga wa jua mwezi Mei na kuonekana tena alfajiri mwezi Juni. Kinazama masika yakiwa hayajamaliza, kinazuka kipupwe kimeingia.

Lakini hazina kubwa zaidi ya wazee wetu ilikuwa hesabu. Mwaka wa Hijria una siku 354 au 355, kwa hiyo Ramadhani huzunguka misimu yote kwa muda wa takriban miaka 33. Aliyefunga utotoni katika joto la kaskazi huja kufunga utu uzimani katika baridi ya kipupwe. Kwa ibada, huo ni uadilifu mkubwa. Kwa kupanda mtama, hautoshi. Ndipo watu wa pwani walipoweka ubavuni mwa kalenda ya mwezi mwaka mwingine wa siku 365, unaoanza Siku ya Mwaka, yaani Nairuzi, neno lililotoka Uajemi. Mwaka huo uligawanywa katika miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku tano zikabaki. Mtu alipoulizwa wakati wa kupanda, hakutaja Rajabu wala Shaabani, aliuliza kwanza, "Huu ni mwongo wa ngapi?"

Mabaharia nao walishika hesabu hiyohiyo. Ahmad ibn Majid, mwanamaji wa Julfar, mji uliokuwa katika Ras al-Khaimah ya leo, aliandika mwishoni mwa karne ya 15 kitabu kikubwa cha elimu ya bahari, na humo misimu ya kusafiri huhesabiwa kwa siku za Nairuzi. (Wapo wanaosimulia kuwa yeye ndiye aliyemwongoza Vasco da Gama kutoka Malindi mwaka 1498. Wanahistoria wengi hawaikubali tena hadithi hiyo, na sifa zake zinatosha bila ya hiyo.) Neno lao mausim ndilo msimu wetu, na ndilo lililoingia katika lugha za Ulaya likawa jina la pepo hizi. Kaskazi, inayovuma takriban kuanzia Desemba hadi Machi, ilizileta jahazi kutoka Arabuni na India. Kusi ilizirudisha. Kati ya hizo kuna tanga mbili, upepo unapobabaika na nahodha mwenye busara hukaa bandarini akishona matanga.

Sababu ya mgeuko huo ni jua na nchi kavu. Bara la Asia hupata joto upesi wakati wa kiangazi chake, hewa yake hupanda, na upepo wa bahari huvutwa kutoka kusini. Linapopoa, mambo hugeuka. Ukanda wa mvua hulifuata jua kaskazini na kusini, na kwa kuwa hutupitia mara mbili kwa mwaka, tuna masika na tuna vuli.

Kasoro moja ya Nairuzi haitajwi sana. Mwaka wa jua unazidi siku 365 kwa karibu robo ya siku, na hesabu ya zamani haikuwa na siku ya kuongeza kila mwaka wa nne. Hivyo Nairuzi hurudi nyuma siku moja kila miaka minne. Kwa umri wa miaka 60, hizo ni siku 15, mwongo mmoja na nusu. Kijana aliyepanda katika mwongo uleule aliousiwa na babu yake alitangulia mvua kwa wiki mbili, mbegu zikaliwa na ndege. Wazee makini walilijua hilo. Waliitazama miongo, wakalitazama na wingu, wakasahihisha. Leo Mwaka Kogwa wa Makunduchi hufanyika katika nusu ya pili ya Julai, watalii huja kwa wingi kupiga picha, na vijana wanaoweza kuitaja miongo kwa mpangilio ni wachache mno.

Tusiitukuze hesabu hiyo kupita kiasi, hata hivyo. Inajua kinachorudi kila mwaka. Haina habari ya kile kinachokuja mara moja katika umri wa vizazi viwili. Tarehe 15 Aprili 1872, Sayyid Barghash akiwa katika mwaka wake wa pili wa utawala, kimbunga kiliipiga Unguja. Merikebu zake ziliangamia bandarini, na sehemu kubwa ya mikarafuu ya Unguja iling'olewa. Pemba ilisalimika kwa kiasi kikubwa, na tangu hapo ikawa ndiyo kisiwa cha karafuu. Hakuna aliyeonywa, kwani vimbunga ni nadra karibu na Ikweta, na mwongo hausemi lolote juu yake. Aprili 1952 kingine kiliipiga Lindi na kuua watu.

Onyo la kimbunga linahitaji mtu wa mbali akuambie alichokiona kabla hakijakufikia. Uingereza ilijifunza hilo baada ya meli Royal Charter kuvunjika katika pwani ya Wales Oktoba 1859 na watu zaidi ya 400 kufa. Robert FitzRoy, mkuu wa ofisi ya hali ya hewa ya huko, alianza mwaka 1861 kupeleka maonyo bandarini kwa telegrafu, akikusanya vipimo vya vituo vingi kwa wakati mmoja. Yeye naye aliudhiwa na watu waliomfananisha na wapiga bao, akasisitiza kwamba kazi yake ni maoni yatokanayo na hesabu. Waya wa telegrafu ulifika Zanzibar mwaka 1879, miaka saba baada ya karafuu kulala chini.

Leo kazi hiyo ni ya Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania, na lugha yake inahitaji kufahamika nyumbani. Wasemapo mvua zitakuwa "za wastani", wanalinganisha na miaka 30 iliyopita, na wanazungumzia jumla ya msimu mzima. Jumla hiyo yaweza kushuka kwa siku sita, na baadaye ukame ukaunguza mahindi shambani. Huo nao ni msimu wa wastani. Mwenye shamba asiishie kwenye taarifa ya msimu, bali afuatilie na ile ya siku kumi, ambayo kwa kweli ni mwongo uliorudi kwa mlango mwingine. Na milimita isiwatishe akina mama. Milimita moja ya mvua ni lita moja ya maji katika kila mita ya mraba. Wataalamu huita mvua kubwa ile inayozidi milimita 50 kwa saa 24. Paa la bati la mita za mraba 50 likipata kiasi hicho humwaga lita 2,500. Mwenye mfereji na pipa anajua la kufanya. Mwenye nyumba bondeni naye anajua, au angepaswa kujua.

Yapo pia yale ambayo si Nairuzi wala wingu linaloweza kuyaonyesha. Katika vuli ya 1961, ya 1997 na ya 2019, upande wetu wa Bahari ya Hindi ulikuwa na joto kuliko upande wa Indonesia, na mvua zilipindukia. Wazee walioziona zile za mwaka wa Uhuru hawakuwa na njia ya kuzijua mapema. Wanasayansi wenyewe waliueleza mwenendo huo wa bahari kwa ukamilifu mwaka 1999 tu, na sasa hupima joto hilo miezi kadhaa kabla.

Kimbunga kile cha Mei 2024 kilipewa jina la Hidaya, jina tunalowapa mabinti zetu. Siku ya Ijumaa niliporudi kijijini baada ya swala, bahari ilikuwa imechafuka na anga limekuwa jeusi upande wa kusini. Jumamosi kilifika Mafia kikiwa kimepungua nguvu, lakini mvua yake iliikata barabara ya kusini huko Kilwa, na boti za Dar es Salaam na Unguja zilisimamishwa. Ijumaa ile vijana walikuwa wakiivuta mashua ya mwisho kuelekea minazini. Katikati yao, kanzu kaipandisha na kuifunga kiunoni, alikuwamo Maalim, akivuta kamba pamoja nao. Aliponiona alinyanyua kichwa. "Wewe mwenye redio," aliniita, "kimesogea wapi?"