Fahamu: Msimbo wa mfupa wa mguu unaochelewa kuunga

Ukivunjika muundi kwenye ajali ya bodaboda Mpanda, na jeraha likafika kwenye mfupa, matibabu huweza kudumu miezi mingi. Misimbo ya ugonjwa husaidia kuyafuatilia.

Katika ICD-10, orodha ya misimbo ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani, S82.2 ni kuvunjika kwa sehemu ya kati ya mfupa mkubwa wa muundi. Ikiongezwa 1 mwishoni, ni mvunjiko wenye jeraha la wazi. Mfupa ukichelewa kuunga, msimbo ni M84.2; usipounga, M84.1. Marekani huongeza herufi ya saba kwenye msimbo wa mvunjiko wenyewe: H au J kwa mvunjiko wa wazi unaochelewa kupona.

Msimbo sahihi husaidia takwimu, rufaa na madai ya bima. Ukihudhuria kliniki, nenda na kadi, karatasi ya rufaa na picha zote za eksirei.