Kamba wa Milimani na Funzo la Majina

Kuna dhana iliyokita mizizi katika madarasa yetu kwamba msamiati wa bahari ni mali ya watu wa pwani, na kwamba mtu wa bara hana haja ya kutofautisha chaza na kome, wala kamba na uduvi. Mwanafunzi akiulizwa hujibu kuwa hao wote ni "samaki", na mwalimu naye, kwa kuwa alizaliwa mbali na Lamu au Vanga, huliona jibu hilo kuwa latosha. Nakusudia kuipinga dhana hiyo, na shahidi wangu hatatoka Mombasa wala Unguja. Atatoka Uswisi, nchi ya Ulaya isiyopakana na bahari yoyote, iliyozungukwa na Ujerumani, Ufaransa, Italia, Austria na Liechtenstein.

Zaidi ya asilimia 95 ya samaki na viumbe wengine wa majini wanaoliwa Uswisi hununuliwa kutoka nje. Maziwa yake, kama vile Ziwa Geneva na Ziwa Constance, yana samaki, lakini hayana chaza wa kuliwa wala kamba wa baharini. Hata hivyo, mwisho wa mwaka unapowadia, chaza wa Ufaransa hupangwa kwenye meza za wauzaji mjini Geneva, kome huchemshwa kwa divai nyeupe katika mikahawa, na kamba waliogandishwa, wakiwemo wa kutoka Vietnam, hupatikana katika maduka ya miji ya milimani. Msomaji ana haki ya kuuliza: walifikaje huko?

Kabla ya reli, Mswisi alimjua kamba mmoja tu, naye ni yule wa mitoni. Kanisa Katoliki lilikataza nyama siku za mfungo, lakini samaki na kamba hawakuhesabiwa kuwa nyama, ndipo kamba wa mitoni wakapata heshima mezani. Kisha, mnamo 1860 hivi, maradhi kutoka Amerika yalizuka kaskazini mwa Italia na kuenea katika mito ya Ulaya. Kamba wa Amerika huyabeba maradhi hayo pasipo kudhurika sana, ilhali wale wa Ulaya huangamia. La kusikitisha ni kwamba baadhi ya watu walijaribu kuziba pengo kwa kuleta kamba wa Amerika, na kwa kufanya hivyo wakauchochea moto waliotaka kuuzima.

Wakati huohuo njia za mbali zilikuwa zikifunguka. Reli iliiunganisha Geneva na Lyon mwaka wa 1858. Mkataba wa Mannheim wa 1868 ulithibitisha uhuru wa vyombo kusafiri katika mto Rhine, unaoipa Basel mlango wa kufikia Rotterdam na bahari. Mwaka wa 1882 njia ya reli iliyopita chini ya milima ya Gotthard ilifunguliwa na kuikaribisha Italia. Mnamo 1941 Uswisi ilianza hata kusajili meli za baharini chini ya bendera yake. Leo malori yenye majokofu na ndege zinazotua Zurich na Geneva zinamalizia kazi. Kwa ufupi, nchi hiyo haikupewa pwani na Mola, bali imejijengea pwani kwa reli, mto, barafu na mikataba.

Kwa mwanaisimu, njia hizo hazisomwi katika ramani pekee. Zimo ndani ya maneno. Kamba wa mitoni kwa Kijerumani huitwa *Krebs*, neno la asili la lugha hiyo, na Wafaransa walilikopa kutoka kwa lugha za Kijerumani wakapata *écrevisse*. Lakini mnyama alipotoka mbali, jina nalo lilitoka mbali. Kamba mkubwa mwenye magando, *Hummer* kwa Kijerumani na *homard* kwa Kifaransa, ana jina lililoteremka kutoka kwa mabaharia wa kaskazini. Chaza, *Auster* au *huître*, jina lake latoka Kilatini, na Kilatini kililipata kutoka Kiyunani. Kome, *Muschel* au *moule*, asili yake ni neno la Kilatini lenye maana ya panya mdogo. *Languste*, kamba-koche asiye na magando, jina lake latokana na neno la Kilatini la nzige.

Mfano unaonivutia zaidi ni wa kamba mdogo. Mjerumani wa Ujerumani humwita *Garnele*. Mswisi anayezungumza Kijerumani, japo anaandika lugha ileile, aghalabu husema *Crevette*, neno la Kifaransa ambalo asili yake ni "mbuzi mdogo", kwa jinsi mnyama huyo anavyorukaruka. Kwa nini? Kwa sababu jina huandamana na meza ambako mtu amejifunza kula, na Mswisi alijifunza kwa jirani yake Mfaransa. Mwanafunzi anayetaka kuelewa ukopaji wa maneno hahitaji mfano bora kuliko huo.

Hata hivyo, majina hayakopwi kwa kupendeza tu. Katika biashara hii jina linaweza kuwa kinga ya uhai. Chaza na kome hujilisha kwa kuchuja maji, na kila kilichomo majini, kiwe chakula au vijidudu vya maradhi, huweza kukusanyika miilini mwao. Mvuvi wa Lamu huyaona maji alimovua. Mlaji wa Zurich hayaoni. Yeye hula kwa imani, na imani hiyo huandikwa. Chaza hai wa Ulaya husafiri na kibandiko kinachoonyesha walikotoka na kituo kilichowashughulikia. Sheria ya Uswisi nayo hudai kwamba samaki waliofungashwa watajwe aina yao na mahali walikovuliwa au kufugwa, na kwamba maelezo muhimu yaandikwe kwa angalau lugha moja rasmi ya nchi. Nilipopita katika duka moja mjini Basel, nilisoma kifurushi cha kamba kilichoandikwa kwa Kijerumani, Kifaransa na Kiitaliano, na jina la kisayansi likiwa limeongezwa. Lugha tatu na jina la Kilatini, kwa ajili ya mnyama ambaye hajapata kuogelea katika bahari ya nchi hiyo, kwa kuwa bahari yenyewe haipo!

Tena, hatari ya kutegemea umbo la neno badala ya maana yake hudhihirika katika kanuni moja ya kale ya Ulaya. Walaji husema kwamba chaza aliwe katika miezi ambayo majina yake yana herufi *r*. Kwa Kijerumani na Kifaransa kanuni hiyo huanzia Septemba hadi Aprili bila kukatika. Huacha nje Mei, Juni, Julai na Agosti, miezi ya joto ambapo chaza huzaana na huharibika upesi njiani. Lakini Uswisi ina wazungumzaji wa Kiitaliano pia, na Januari kwa Kiitaliano ni *gennaio*, neno lisilo na *r* hata moja. Je, Mswisi wa Lugano asile chaza katika baridi kali ya Januari? Tukiitafsiri kanuni hiyo kwa Kiswahili neno kwa neno, mambo huharibika zaidi. Machi, Septemba, Oktoba, Novemba na Desemba hupotea, na mlaji hubaki na Januari, Februari na Aprili tu. Herufi ilikuwa kigingi cha kumbukumbu. Ukweli wenyewe ulikuwa joto. Mwalimu wa tafsiri anayetafuta njia ya kuwaonyesha wanafunzi tofauti ya neno na maana, na achukue mfano huu.

Waswisi wamekwenda hatua nyingine. Tangu tarehe 1 Machi 2018, sheria yao hairuhusu kamba mkubwa atumbukizwe katika maji yanayochemka akiwa hai na mwenye fahamu. Sharti kwanza azimishwe fahamu, kwa umeme kwa mfano. Vilevile wanyama wa jamii hiyo hawaruhusiwi kusafirishwa wakiwa hai juu ya barafu au katika maji ya barafu. Najua baadhi ya wasomaji watacheka na kusema kwamba aliyeshiba hukosa la kuhofia. Lakini sheria hiyo haikuzuka hewani. Watafiti, akiwemo Robert Elwood wa Chuo Kikuu cha Queen's mjini Belfast, walionyesha kwa majaribio kwamba mienendo ya kaa na kamba wanapoumizwa haielezeki kirahisi kuwa ni mshtuko wa mwili tu. Uingereza nayo iliwatambua wanyama hao kuwa wenye hisia katika sheria yake ya 2022. Tukubali tusikubali, funzo ni hili: watu wasio na bahari wamejishughulisha kumjua mnyama wa bahari kiasi cha kuuliza kama anaumia.

Isitoshe, karibu na Rheinfelden, kando ya mto Rhine, wawekezaji walijenga mabwawa ya ndani ya kufugia kamba karibu na kiwanda cha chumvi, wakitumia chumvi yake na joto lake lililokuwa likipotea bure. Chumvi hiyo hutolewa ardhini, nayo ni masalio ya bahari iliyokauka zaidi ya miaka milioni 200 iliyopita. Matabaka ya miamba ambamo chumvi hiyo imo, wanajiolojia huyaita *Muschelkalk*, yaani chokaa ya kome. Kumbe nchi hiyo ilikuwa na bahari, nayo imehifadhiwa katika neno!

Sasa tujiangalie wenyewe. Kiswahili kilizaliwa na kulelewa ufukweni. Kina chaza, kome, kombe, tondo na kijogoo. Kina kamba, kamba-koche na uduvi. Kina kaa, ngadu na mwanamizi. Kina neno gando kwa mkono wa kaa unaobana, na kina lulu kwa kito kinachopatikana ndani ya chaza. Wavuvi wa Lamu hupiga mbizi kutafuta kamba-koche, na ghuba ya Ungwana inajulikana kwa kamba wake. Hata bara hatukuachwa nyuma: kamba wekundu wa Louisiana waliingizwa katika Ziwa Naivasha mnamo 1970, wakavuliwa na kuuzwa Ulaya. Ni aina ileile ambayo baadaye iliingia katika vidimbwi vya eneo la Zurich na kuwatia Waswisi wasiwasi. Naivasha na Zurich zina mgeni mmoja. Wao wamempa jina katika lugha zao na kumwandikia sheria. Mwanafunzi wa Gilgil humwitaje?

Aghalabu kifurushi cha kamba katika maduka yetu makubwa huandikwa kwa Kiingereza pekee. Orodha ya vyakula katika hoteli za pwani, hatua mia chache kutoka mtumbwi ulikotia nanga, nayo huwa vivyo hivyo. Wapo watakaosema kwamba anayemudu kununua kamba anajua Kiingereza. Hoja hiyo ina uzito, lakini humtazama mnunuzi peke yake. Mvuvi, mchuuzi, mpishi na mkaguzi wa afya nao ni sehemu ya biashara, na maelezo ya usalama huwahusu wote. Katiba yetu ya 2010 iliifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi pamoja na Kiingereza, na katika Kifungu cha 46 ikampa mtumiaji wa bidhaa haki ya kupata habari anazohitaji. Haki hiyo yatimizwaje ikiwa lugha ya taifa haionekani kwenye kifurushi?

Hatari iliyopo si kwamba kamba watakosa jina. Watakuwa nalo, ila litakuwa la kigeni, na majina yetu yatabaki katika kamusi kama chumvi ya Rheinfelden, masalio ya bahari iliyokauka. Tofauti ni kwamba bahari yetu haijakauka. Wazee wanaoyajua majina hayo wangali hai katika visiwa vya Lamu, Shimoni na Vanga.

Nawasihi basi walimu wenzangu, hususan wale wa Kakamega, Nyeri na Machakos, wasisubiri safari ya Mombasa. Mwalimu na awape wanafunzi majina kumi ya wanyama wa majini wenye magamba, awatake wamweleze kila mmoja kwa umbo, makazi na matumizi, kisha waandike kwa Kiswahili kibandiko cha kifurushi: aina, mahali alikovuliwa, tarehe na namna ya kuhifadhi. Walimu wa pwani nao wawatume wanafunzi kwa babu na nyanya zao wakusanye majina ambayo kamusi hazijayanasa. Kazi hiyo haihitaji fedha za serikali. Yahitaji daftari, na masikio yaliyo tayari kusikia.