Orson Welles: Msimulizi Aliyelipa Bei ya Uhuru

Sisi tuliolelewa Pwani twajua kwamba hadithi huingilia sikioni. Bibi akisema "Paukwa", nasi tukaitika "Pakawa", na kibatari kimeshapunguzwa utambi. Zimwi hatukuliona, lakini tulilisikia likija. Siri hiyo aliijua vyema Orson Welles, Mmarekani aliyezaliwa mwaka 1915 mjini Kenosha, Wisconsin.

Kabla ya kushika kamera, Welles alikuwa mtu wa redio. Usiku wa tarehe 30 Oktoba, 1938, yeye na kundi lake la Mercury walicheza hadithi ya H. G. Wells juu ya viumbe wa Mirihi wanaoivamia dunia. Hakuisimulia kama ngano, bali aliivika joho la taarifa ya habari, watangazaji wakikatiza muziki kwa sauti za hofu. Waliochelewa kufungua redio hawakusikia kwamba ni mchezo, na baadhi yao wakaingiwa na kiwewe. Magazeti nayo yakaikuza hofu ile kuliko ilivyokuwa, na jina la Welles likavuma.

Hollywood ikamwita. Mwaka 1941 ilitoka "Citizen Kane", sinema aliyoiandika pamoja na Herman Mankiewicz, akaiongoza na kuicheza mwenyewe, naye bado kijana wa miaka ishirini na kitu. Ndani yake sikio la redio li wazi: maneno ya watu yapandana, na mwangwi waupima ukubwa wa chumba. Mwaka uliofuata, naye yuko Brazil kikazi, kampuni iliikata filamu yake ya pili, "The Magnificent Ambersons", ikaibandika mwisho mwingine. Mtunzi yeyote aliyepata kuliona shairi lake limechapwa bila ya beti zake zote aujua uchungu huo.

Akaona heri kujitegemea kila alipoweza. "Othello" aliianza mwaka 1949 huko Mogador, mji wa pwani ya Morocco ambao leo waitwa Essaouira. Fedha zikimwishia, huenda kuigiza katika filamu za wengine apate ujira, kisha hurejea kuwakusanya waigizaji wake. Mara moja mavazi ya mchezo hayakuwasili. Hakuiahirisha kazi, mauaji ya Roderigo aliyahamishia hamamuni, ambamo taulo zilitosha. Haba na haba hujaza kibaba: mwaka 1952 filamu ile, ikiwa chini ya bendera ya Morocco, ikawa miongoni mwa mbili zilizogawana tuzo kuu ya Cannes.

Hata hivyo, sifa zisitufumbe macho. Jemadari yule wa Maghribi hakuchezwa na Mmaghribi, bali na Welles mwenyewe, aliyejipaka rangi usoni. Mji ulikuwa wa wenyeji. Sauti ya shujaa ikawa ya mgeni. Asiyesimulia habari zake mwenyewe husimuliwa na wengine.

Wahenga walinena: mtegemea cha nduguye hufa maskini. Welles alikataa kutegemea, na bado alipofariki tarehe 10 Oktoba, 1985, aliacha kazi kadhaa zisizokamilika. Moja, "The Other Side of the Wind", ilimaliziwa na wengine ikatoka mwaka 2018. Uhuru una bei yake, nayo hulipwa kwa miaka.

Vijana wetu wa leo wana kamera na kinasa sauti ndani ya simu zao. Nawausia wasingoje mavazi yawasili. Bibi zetu walianza na giza na sauti tu.