Kichocho cha wanawake: Dawa ilikuwa shuleni, yeye alikuwa bwawani

Ukisikia neno kichocho, bila shaka picha inayokujia ni ya mvulana wa kijijini anayekojoa damu. Hiyo ndiyo picha niliyokuwa nayo mimi pia kwa miaka mingi, tena nikiwa na shahada ya udaktari ukutani. Wiki hii ningependa kukusimulia jinsi picha hiyo ilivyonifanya nimtibu mwanamke mmoja ugonjwa asiokuwa nao, na tena mara tatu.

Mwaka 2023 alinijia mwanamke wa miaka 26, mzaliwa wa kijiji kimoja katika eneo la Msambweni, ambaye alikuwa akifua nguo katika nyumba za wageni huko Diani. Alikuwa ameolewa miaka mitano bila kupata mtoto. Alilalamika kwamba hutokwa na uchafu, huumwa wakati wa tendo la ndoa, na mara nyingi baada ya tendo huona damu. Nikamwandikia dawa za magonjwa ya zinaa, yeye na mumewe. Baada ya miezi miwili alirudi na malalamiko yale yale, nikampa dawa kali zaidi. Aliporudi mara ya tatu nilimwuliza swali ambalo hadi leo naona haya kuliandika: je, yeye au mumewe ana mtu mwingine nje?

"Daktari," alinijibu, "nyumbani pia wananiuliza hivyo hivyo. Mavyaa wangu ameshanihukumu. Nilidhani wewe utanipima."

Kweli, sikuwa nimempima. Nilikuwa nimemsikiliza tu na kuandika, kama tufanyavyo wengi wetu foleni inapokuwa ndefu. Siku hiyo nilimpa tena dawa zile zile, lakini safari hii pamoja na barua ya kumpeleka kwa daktari bingwa wa magonjwa ya wanawake, Mombasa. Bingwa yule alipotazama mlango wa kizazi kwa kifaa cha kukuzia aliona mabaka ya rangi ya manjano, kama chembe za mchanga zilizonata kwenye nyama. Akamwuliza swali moja ambalo mimi sikuliuliza: "Ulipokuwa mtoto, mlikuwa mkioga na kufua wapi?"

Walikuwa wakioga na kufua bwawani.

Acha nieleze ugonjwa huu, maana hata watu waliosoma huuelewa nusu nusu. Mtu mwenye kichocho cha mkojo akikojoa ndani ya bwawa au kando ya mto, mayai ya minyoo huingia majini. Yai hupasuka na kutoa kijidudu kinachoingia ndani ya konokono mdogo wa jamii ya Bulinus. Baada ya wiki kadhaa konokono huyo huanza kutoa vijidudu vingine vyenye mkia, hasa jua linapokuwa kali katikati ya mchana, wakati ambapo watoto hupenda kuogelea. Vijidudu hivyo hupenya ngozi ya mtu katika dakika chache tu, bila kidonda wala mkato wowote. Baadaye minyoo hukomaa na kukaa, dume na jike pamoja, katika mishipa midogo ya damu iliyozunguka kibofu, na huweza kuishi humo kwa miaka mingi. (Wasomaji wanaoshuka Diani mwisho wa wiki wasiwe na hofu: huyu ni konokono wa maji yasiyo ya chumvi, baharini hayumo.)

Madhara makubwa hayaletwi na mnyoo wenyewe, huletwa na mayai. Kila yai lina mwiba. Baadhi hutoboa kibofu na kutoka na mkojo, ndiyo sababu mgonjwa huona damu mwishoni mwa kukojoa. Mengine hukwama mwilini, na mwili huyazingira na kuacha kovu. Sasa basi, kwa mwanamke, mishipa ya kibofu imeungana na ile ya kizazi. Mayai hupotea njia yakakwama katika uke, katika mlango wa kizazi, hata katika mirija ya uzazi. Matokeo yake ni uchafu, maumivu, damu, mimba kutunga nje ya kizazi, au kukosa mtoto kabisa. Dalili hizo, kama unavyoona, ni zile zile ambazo jirani, mavyaa na daktari mwenye haraka huziita zinaa. Shirika la Umoja wa Mataifa la Ukimwi lilikadiria mwaka 2019 kwamba wanawake na wasichana wapatao milioni 56 katika Afrika kusini mwa Sahara wana hali hii. Utafiti uliofanywa Zimbabwe na kuchapishwa 2006 ulionyesha kwamba wanawake wenye mabaka hayo walikuwa na uwezekano wa takriban mara tatu zaidi wa kuwa na virusi vya Ukimwi.

Dawa ipo, tena ni rahisi: prazikwanteli, vidonge vinavyomezwa kwa siku moja. Huua minyoo iliyokomaa. Lakini kuna jambo ambalo wagonjwa wangu hulipokea kwa uchungu. Mabaka yakishajengeka kwa mwanamke mzima, mara nyingi hayaondoki hata minyoo ikifa. Watafiti wale wale wa Zimbabwe waligundua kwamba wanawake waliowahi kutibiwa kabla ya kufikisha miaka 20 walikuwa na mabaka machache kuliko wenzao. Kwa hiyo kizazi cha mwanamke wa miaka 30 huokolewa akiwa na miaka minane au kumi. Na mtoto wa umri huo, kwa kawaida, unampata wapi? Shuleni.

Hapo ndipo ninapotaka tufike, msomaji wangu. Tumezoea kuambiwa kwamba elimu ya mtoto wa kike huleta afya. Mwaka 1979 mtaalamu wa idadi ya watu kutoka Australia, John Caldwell, akitumia takwimu za Nigeria, alionyesha kwamba elimu ya mama ina uzito mkubwa katika kuamua kama mtoto wake ataishi, hata ukizingatia kipato na kazi ya baba. Alieleza kwamba mama aliyesoma hupata sauti nyumbani, na haogopi kumsimamia mwuguzi na kudai mwanawe ahudumiwe. Ni kweli. Lakini huku Kwale kuna sababu nyingine iliyo wazi zaidi, ambayo haihitaji nadharia yoyote: dawa hugawiwa darasani. Asiyekuwamo darasani siku ile, dawa imempita.

Msambweni ina historia ndefu katika jambo hili, ingawa wengi wetu hatuijui. Kuanzia mwaka 1984 hadi 1992, watafiti wa Wizara ya Afya pamoja na Chuo Kikuu cha Case Western Reserve cha Marekani waliwapima na kuwatibu watoto wa shule za eneo hilo mwaka baada ya mwaka. Mafunzo yaliyopatikana hapo yalisaidia kuujulisha ulimwengu kwamba shule inaweza kuwa zahanati. Kenya ilianza mpango wa kitaifa wa dawa za minyoo shuleni mwaka 2009 na kuupanua mwaka 2012, na penye kichocho prazikwanteli iliongezwa. Mwalimu humpima mtoto kimo kwa ufito wenye alama, alama inasema vidonge vingapi, mtoto anameza, basi.

Mgonjwa wangu aliacha shule mwaka 2008, akiwa darasa la nne. Elimu ya msingi ilikuwa bure tangu Januari 2003, kwa hiyo usiseme ni karo. Mama yake alijifungua, akahitajika mtu wa kubeba mtoto, kuteka maji na kufua nepi. Wakachaguliwa wawili wa kufikiriwa, yeye na mdogo wake wa kiume, na unajua aliyebaki shuleni. Miaka michache baadaye mdogo huyo alisimamishwa kwenye ufito akapewa vidonge. Dada yake siku hiyo, kwa hesabu yake mwenyewe, alikuwa bwawani, maji yakimfika mapajani.

Utaratibu wa mpango ule uliwaruhusu hata watoto wasiosoma kuja shuleni siku ya dawa. Alipoambiwa hivyo alinitazama tu. Msichana wa miaka 15 aliyeacha shule aende kupanga foleni na watoto wa darasa la tatu? Na nani angempelekea habari, ikiwa tangazo lenyewe lilitolewa paredi?

Hata hivyo sitaki kuidanganya shule kwa sifa. Somo la sayansi hufundisha mzunguko wa kichocho, na nimeona madaftari ambamo konokono amechorwa vizuri kuliko nilivyomchora mimi chuoni. Kengele ikilia, mchoraji anakwenda kuoga kwenye bwawa lile lile, kwa kuwa hakuna pengine. Prazikwanteli haimkingi mtu asiambukizwe tena. Katika utafiti wa Msambweni, kijiji anakokaa mtoto kilikuwa miongoni mwa mambo yaliyoonyesha kama ataambukizwa upya baada ya tiba.

Ndiyo maana nakumbuka pia shule ya aina nyingine iliyokuwa pwani hii hii. Katika miaka ya 1980 shirika la KWAHO lilifanya kazi na wanakijiji wa upande wa Diani katika majaribio ya pampu za mkono. Wanawake wa Kidigo, wengi wao wasiojua kusoma, waliingia katika kamati za maji, wakatunza fedha za pampu, wakafundishwa kuifungua na kubadilisha vipuri vyake. Pampu ya Afridev, ambayo leo unaiona sehemu nyingi za Afrika, ilijaribiwa Kenya na Malawi, na ilibuniwa makusudi ili mwanakijiji aweze kuitengeneza bila kumsubiri fundi wa mjini. Mwanamke aliyeshika spana ile hakuwa na cheti, ila mwanawe hakulazimika kuingia bwawani kwa ajili ya ndoo moja ya maji.

Kama wewe ulikulia penye mabwawa au mito ya Kwale, Taita-Taveta, Tana River au kando ya Ziwa Victoria, na una dalili nilizotaja, mwambie daktari wako ulikooga utotoni hata kama hakukuuliza. Akikuandikia dawa za zinaa kwa mara ya pili, mwambie akupime. Tangu mwaka 2022 Shirika la Afya Duniani linashauri watu wazima pia wapewe prazikwanteli katika maeneo yaliyoathirika, na watoto kuanzia miaka miwili, na hata wajawazito baada ya miezi mitatu ya kwanza. Ugonjwa huu hauambukizwi kitandani. Nilimwita mume wa mgonjwa wangu nikamweleza hivyo mbele ya mkewe, na nikamwomba mkewe msamaha mbele yake. Alikaa kimya muda mrefu, kisha akaniuliza kama ninaweza kumwandikia mama yake maneno hayo kwenye karatasi yenye mhuri. Nilimwandikia.

Damu imepungua. Mtoto hawajapata. Juzi alikuja na binti wa kaka yake, miaka mitano, akiwa na mkojo wake ndani ya chupa ya dawa ya kikohozi, uliochukuliwa alfajiri. Nikamrudisha. Mayai ya kichocho hutoka kwa wingi kati ya saa nne asubuhi na saa nane mchana, na mkojo wa alfajiri unaweza kutudanganya. Saa sita na nusu wakarudi wote wawili, chupa mkononi.